Aliyeguswa Hana Matokeo

Haupiti mwezi bila mtu kugonga mlango wa Katibu akidhani amefika idara ya maji. Huyu bomba lake limepasuka, yule ankara yake imekuja kubwa kana kwamba anafuga samaki, na safari moja alikuja baba mzima, jasho linamtiririka, akiomba apewe wapiga mbizi wakamtolee simu iliyotumbukia kisimani. Katibu aliwasikiliza wote. Aliwavutia kiti, akawaeleza kwa upole kwamba hapa ni Chama cha Taifa cha Michezo ya Chini ya Maji, kwamba kazi yake ni kusimamia mashindano ya kuzuia pumzi, mbio za mapezi na magongo ya sakafuni mwa bwawa, na kwamba idara ya maji iko ng'ambo ya barabara, ghorofa ya pili. Kisha akawasindikiza mpaka nje na kuwaonyesha kwa kidole. Ukweli usemwe, aliwaonea raha. Mwenye bomba lililopasuka ana mengi ya kusimulia, na ofisini mwa Katibu kulikuwa na siku ambazo sauti pekee ilikuwa ya feni.

Ofisi yenyewe ilikuwa chumba kimoja chini ya jukwaa la uwanja wa michezo, dari lake limeshuka ngazi kwa ngazi kwa sababu juu yake ndipo watu hukaa. Siku za mechi vumbi lilimdondokea kwenye chai, na alijua timu gani imefunga kwa jinsi miguu ilivyokanyaga. Kulikuwa na kabati lake, na kabati la chama cha sataranji, ambacho viongozi wake hawakuonekana tena tangu walipogombania uenyekiti. Watu wote walimwita Katibu: bawabu, muuza matunda wa getini, hata dada yake mkubwa, aliyempigia simu kila Jumapili kumuuliza, "Katibu, bado mnazamisha watoto wa watu?" Mume alikuwa naye zamani. Yule bwana aliondoka bila ugomvi, akasema tu kwamba amechoka kuishi na mtu anayemjibu kwa vifungu vya katiba, na haki ya Mungu hakumsingizia.

Vifungu hivyo alikuwa amevitunga mwenyewe, na kimoja kilimgharimu kuliko vingine vyote. Ili kukielewa, kwanza ujue kwamba mchezo wa kuzuia pumzi una sheria ambayo mgeni huiona ya kichaa. Mchezaji hulala kifudifudi juu ya maji, uso ndani, akakaa hivyo hadi awezapo. Akishainua uso, kazi haijaisha. Anatakiwa avue miwani, aonyeshe ishara ya vidole, halafu aseme kwa sauti, "Niko sawa," kwa mpangilio huohuo, upesi, bila mdomo wake kurudi majini. Na katika muda huo mfupi, asiguswe na mtu. Hata mama yake mzazi asimguse. Akiguswa, hata kwa ncha ya kidole, kadi nyekundu, na pumzi yote aliyoizuia ni kazi bure, maana hapo hakuna ajuaye kama alikuwa na akili zake au ameshikiliwa asizame.

Sasa mwenyekiti wa zamani alikuwa baba mmoja mnene, aliyeitwa Kiboko na dunia nzima, naye akiitika. Ndiye mwamuzi mkuu, na mwanawe ndiye bingwa. Mwaka mmoja, katika mashindano ya taifa, mtoto aliibuka midomo imebadilika rangi, kichwa kikaanza kuyumba, na Kiboko akainama pale ukingoni akamshika kidevu. Kila mtu aliona. Kiboko akainua kadi nyeupe, ya kufaulu. Palizuka zogo ambalo halikuwahi kutokea katika mchezo wa watu wanaoshindana kunyamaza. Klabu zilijitoa moja baada ya nyingine, na aliyepiga kelele kuliko wote alikuwa Katibu, wakati huo kijana, sauti kali, hana simile. Alisimama kwenye mkutano mkuu akamwambia mzee wa watu usoni kwamba amekiua chama kwa mkono wake. Kisha akaandika kifungu cha kumi na mbili: mwamuzi hatakuwa na udugu, ushirika wala urafiki na mchezaji yeyote.

Kilipita kwa makofi. Baadaye waamuzi wakaanza kupukutika. Mmoja alimwoa mchezaji, mwingine akasema hawezi kuacha kucheka na watu aliokua nao, wa tatu alihamia mchezo wa vishale ambako, alivyosema, mtu anaruhusiwa kuwa binadamu. Akabaki Katibu peke yake na cheti chake ukutani. Yeye alikishika kifungu kama alivyokiandika. Wachezaji walipokwenda kula pamoja baada ya mazoezi, yeye alikunja kiti chake akaenda nyumbani. Hata chai yao hakuinywa, ndiyo maana wao wakakiita kile kifungu "kifungu cha kuharamisha chai", wakakitania mbele yake na nyuma yake. Alitabasamu. Hakuna aliyejua kwamba njiani alikuwa akiyarudia matani yao peke yake na kuyacheka upya, maana pale bwawani alijizuia.

Katika wachezaji waliobaki, mmoja alikuwa wa kutegemewa: msichana fundi wa kuchomelea vyuma, mikono imejaa alama ndogo ndogo za cheche, waliyemwita Kimya. Jina hilo lilikuwa la majini tu. Nchi kavu alikuwa na domo la kuuza. Kwa miaka mitatu, kati yake na Katibu maneno yalikuwa "Shikamoo, Katibu," na "Marahaba." Siku moja Kimya alimenya chungwa, akaligawa, akampa nusu. Katibu alimwambia kwamba kifungu hakiruhusu. Kimya alicheka, akaiacha ile nusu kwenye benchi, akaenda zake. Katibu alingoja hadi bwawa lilipobaki tupu, akaila, na ilimkaa rohoni wiki nzima.

Hakumsemesha, lakini alimjua. Alijua kwamba Kimya huimba kwa pua anapovaa kofia ya kuogelea. Alijua kwamba bega lake la kushoto humsumbua baridi ikiwa kali, na kwamba siku za mashindano, wenzake walipokuja na wazazi na wachumba, yeye alikuja peke yake na begi lake. Unaweza kumjua mtu hivyo, kwa kumtazama tu, na usiwe na mahali pa kuyapeleka hayo unayoyajua.

Ndipo akaja Afisa wa Baraza la Michezo. Alikuwa mtu mstaarabu, shati limenyooshwa, aliinamisha kichwa kuingia kwa kuogopa dari. Alikataa chai, kisha alipomwona Katibu alivyonyong'onyea akaikubali.

"Mama Katibu, nisikuzungushe," alisema. "Vyama visivyo na matokeo vinafutwa mwaka huu. Baraza limeshaamua. Ninyi mmepewa nafasi moja. Fanyeni mashindano ya taifa, nami nikiwepo, na ipatikane rekodi moja halali, imepitishwa na mwamuzi mwenye cheti. Moja tu."

"Isipopatikana?"

"Michezo yenu itaingizwa kwenye kuogelea. Hiki chumba kitarudi kwa uwanja."

"Wa kuogelea hawataki watu wetu. Wanasema sisi tunawatia hofu wazazi."

"Najua, mama."

Katibu alisogeza kikombe upande huu, akakirudisha upande ule. "Na mimi je?"

"Wewe utapumzika," Afisa alisema, na kwa kweli alidhani anamfariji. "Umefanya kazi nyingi. Utakaa nyumbani, utulie na wako."

Wako. Usiku ule na siku zilizofuata aliligeuza neno hilo, akakosa wa kumvisha. Chama kikifutwa, nani atamgongea mlango? Dada atapiga simu Jumapili, sawa, na Jumatatu je? Hakuwa mwoga wa kazi wala wa uzee; alichoogopa ni kuamka asubuhi, akavaa, akakosa pa kwenda, na kusiwe na mtu wa kugundua kwamba hajaenda. Alipiga moyo konde, akamwandikia kocha wa Kimya kwamba mashindano ni Jumamosi ya mwisho wa mwezi, na kwamba Kimya ajaribu rekodi.

Bwawa lilikuwa la shule. Katibu alifika kabla ya mtu yeyote, akapima joto la maji, akafunga kamba, akapanga viti ambavyo vingi havikupata mtu. Walikuja wachezaji wa klabu mbili zilizosalia, wazazi wachache wenye nyuso za watu waliokuja kwa lazima, mwalimu wa kuogelea wa shule ambaye ndiye angetunza saa, na Afisa, aliyekaa mbele kabisa na kuvua viatu kwa sababu aliwaona wengine wamevua.

Kimya alipita kando ya kiti cha Katibu. "Shikamoo, Katibu."

"Marahaba."

Akaendelea kwa kocha, na Katibu akawasikia, maana kusikia hakukukatazwa na kifungu chochote.

"Mama haji?" kocha aliuliza.

"Mama amekataa katakata. Anasema hawezi kukaa kwenye kiti cha plastiki amtazame mwanawe akifa kidogo kidogo huku watu wanapiga makofi." Kimya alicheka kidogo, lakini kicheko hakikufika mbali. "Hata simu ameizima."

"Basi sisi tupo."

"Mpo," Kimya alisema, akaanza kuvaa kofia yake. Safari hii hakuimba.

Wengine walishindana kwanza, wakapata matokeo yao ya kawaida, makofi ya kawaida. Zamu ya Kimya ilipofika, kocha alishuka majini pamoja naye, kwa kuwa ndiye mwangalizi wake. Kazi ya mwangalizi ni kumgusa begani kila baada ya muda uso wake ukiwa bado majini, naye hujibu kwa kuinua kidole. Akikosa kujibu, hutolewa. Katibu alipiga magoti ukingoni, kadi mbili mkononi, hatua moja kutoka kichwani kwake. Kimya alivuta pumzi ya mwisho, akalaza uso.

Hakuna mchezo usio na la kutazama kama huu. Ni mgongo wa mtu juu ya maji, basi. Afisa alianza kwa kukodoa macho, kisha akaangalia saa, kisha akamnong'oneza mzazi wa jirani akimuuliza wataanza lini. Lakini aliyezoea huona mengi. Katibu aliona mabega yalivyolegea vizuri. Aliona tumbo likianza kuruka, pale mwili unapodai hewa na kunyimwa. Yeye mwenyewe alikuwa amezuia pumzi bila kujua, akalazimika kuiachia, akazuia tena. Kocha aligusa bega, kidole kikainuka. Mwalimu akasoma saa kwa sauti. Kocha akagusa tena. Kidole kikachelewa, kikainuka. Mwalimu akasoma saa, na sauti yake ikapanda, kwa sababu rekodi ilikuwa imepitwa. Nyuma watu walisimama. Bado Kimya hakuibuka.

Toka sasa, Katibu alisema moyoni. Toka, mwanangu, inatosha.

Kimya akatoka. Akashika ukingo kwa mikono miwili, akavuta hewa kwa mlio, maji yakimtiririka. Midomo ilikuwa ya kijivu. Akavuta tena. Macho yake, ndani ya miwani, yakamtazama Katibu moja kwa moja, na yalikuwa kama ya mtu aliyeamshwa katika nyumba asiyoijua. Kisha kidevu kikashuka. Kikashuka kidogo, kikakaribia maji, na kocha, ambaye ndiye mwenye haki ya kushika mtu akizimia na ndiye anayejua lini ashike, alikuwa palepale na mikono tayari na hakushika, kwa sababu aliona kwamba binti anakusanya nguvu za kuinua mkono.

Katibu hakuona hivyo. Hakuona chochote zaidi ya ule uso. Alinyoosha mkono akaushika, kiganja kizima shavuni, vidole chini ya kidevu.

Shavu lilikuwa baridi na laini. Hilo ndilo alilolikumbuka baadaye, na aliona aibu kulikumbuka: kwamba kwa muda wa kupepesa jicho, kabla akili haijarudi, alisikia raha. Hakukumbuka mara ya mwisho mkono wake kukaa juu ya uso wa mtu.

Akauondoa kama aliyeungua. Kimya akavua miwani. Akafanya ishara ya vidole, vizuri kabisa, mkono hautikisiki. Akasema, "Niko sawa," kwa sauti iliyofika mpaka viti vya nyuma.

Kila kitu kilikuwa safi. Kimetimia, kwa mpangilio, ndani ya muda. Afisa aliruka na soksi zake akapiga makofi, na wazazi wakamfuata kwa sababu yeye alijua, au walidhani anajua. Wachezaji hawakupiga. Mwalimu aliangalia saa yake kana kwamba kuna kitu kingine kimeandikwa pale. Kocha alimtazama Katibu kutoka majini, halafu akasema polepole, kwa sauti ya mtu anayezungumza juu ya hali ya hewa:

"Mimi nilikuwa naangalia mkono wake. Sikuona kitu."

"Mimi niliangalia saa," mwalimu alisema.

Nyuma yao mchezaji mmoja akasema, "Hakuna aliyeona kitu, Katibu," na mwingine akaitikia, na ghafla wote walikuwa wakitikisa vichwa, watu wazima na akili zao, wakimwomba kwa macho. Hawakufanya vile kwa ajili ya Kimya peke yake. Walijua chama ni nini kwa yule mama. Katibu aliliona hilo. Kumbe walikuwa wakimtazama pia, miaka yote hiyo.

Alimtazama Kimya. Kimya ndiye pekee ambaye hakutikisa kichwa. Alishika ukingo, akipumua, akingoja.

Kadi nyeupe ilikuwa juu, nyekundu chini yake. Ilikuwa rahisi kuliko kufunga kamba ya kiatu. Ainue ile ya juu, Afisa aandike, chumba kibaki, mlango ugongwe. Akamkumbuka Kiboko, Mungu amrehemu, alivyosimama kwenye mkutano mkuu na mikono yake mikubwa ikining'inia. Kwa mara ya kwanza alimwelewa, na akamhurumia, na akajua pia kwamba hata angemhurumia vipi, mwanawe alikuwa ameguswa.

Akainua nyekundu.

Afisa akaja mbio, soksi zimelowa chapachapa. "Mama Katibu, vipi? Kwani kakosea nini? Si ametoka mzima?"

"Ameguswa."

"Na nani?"

"Na mimi."

Afisa alimwangalia, akawaangalia wengine, ambao wote walikuwa wamegundua jambo la maana kwenye vigae. "Sikiliza," alisema, akashusha sauti. "Mimi nimeona kwa macho yangu binti ni mzima na rekodi imepita. Kumgusa kidogo tu, ni nini? Niandike amefaulu, mambo yaishe. Nani atauliza?"

"Andika ameguswa na mwamuzi, Bwana Afisa. Aliyeguswa hana matokeo."

"Basi arudie!"

"Leo harudii. Mtu aliyefika pale alipofika yeye harudii siku hiyohiyo. Mwili hauruhusu, na sheria imeufuata mwili."

"Na chama?"

Katibu akatikisa kichwa. Afisa alisimama kidogo, akashusha pumzi, akaandika. Hakuwa mtu mbaya. Alimpa mkono alipoaga, na akasema ufunguo wa ofisi hauna haraka, aulete tu akipata nafasi. Katibu alisema ataupeleka Jumatatu asubuhi, kisha akatamani angesema Ijumaa.

Watu waliondoka kama wanavyoondoka msibani, kwa kuongea chini chini. Mmoja mmoja walipita kwake, wakasema "Pole, Katibu," na yeye akasema "Asante," na hakuna aliyejua aongeze nini juu ya hapo. Kocha alikunja kamba. Katibu alibaki kukusanya viti. Alivipanga kimoja juu ya kingine mpaka mnara ukampita kimo, na hapo ndipo alipolia, kwa sababu hapakuwa na kiti kingine cha kubeba. Alilia vibaya, kwa kwikwi, mkono mmoja umeshika plastiki. Alililia chumba chake chenye dari la ngazi. Alimlilia yule binti aliyezuia pumzi mpaka mwisho wa uwezo wake, na mwisho wake akashikwa uso na mtu aliyekataa hata chungwa lake.

Alipotoka, Kimya alikuwa getini, begi begani, nywele bado zinadondosha maji. Alikuwa peke yake. Wenzake walikuwa wameshatangulia.

Katibu alisimama mbali kidogo, kwa mazoea. "Nimekukosea sana," alisema.

"Ndiyo," Kimya alisema. "Nilikuwa sawa. Nilikuwa nautafuta mkono wangu tu, na nilikuwa nimeshaupata."

"Kocha aliona. Mimi sikuona."

"Wewe ndiye unayejua kuliko kocha. Ni wewe uliyetufundisha sote tusiguse." Sauti ilimtetemeka kwa hasira. "Mwaka mzima nimelala kifudifudi, Katibu. Nikitoka kazini macho yananiwasha kwa moshi wa vyuma, naja kulala kifudifudi. Halafu wewe. Katika watu wote, wewe."

Katibu hakuwa na kifungu cha kujibu hilo. Alisimama akalipokea.

"Nikuulize kitu," Kimya alisema, "na usinidanganye. Uliogopa nini pale? Uliniogopea mimi, au uliogopea rekodi?"

"Rekodi niliisahau," Katibu alisema. "Nilisahau kabisa kwamba kuna rekodi."

Kimya aliinama akaangalia viatu vyake. "Afadhali ungeikumbuka," alisema mwishowe, lakini hasira ilikuwa imepoteza mahali pa kukanyaga. Alijifuta uso kwa mkono wa shati, na kama yalikuwa maji ya bwawa au ya macho, hakutaka itazamwe.

Gari lilipita. Bawabu wa shule alitoka, akawaangalia, akarudi ndani. Katibu alijua kwamba sasa ndio wakati wa kuaga, na kwamba wakishaagana hapatakuwa na Jumamosi nyingine, wala kiti cha kukunja, wala "Shikamoo, Katibu."

"Unakaa wapi?" Kimya aliuliza.

"Mimi?"

"Wewe. Unakaa wapi? Sijamaliza kukugombeza. Nikiendelea hapa nitalia, na mimi sipendi kulia barabarani. Nitakuja nikumalizie kwako."

Katibu hakuwa amewahi kumwelekeza mtu kwake, na alipoanza alishangaa kwamba hajui aanzie wapi.

"Ukishuka kituo cha hospitali," alisema, "usifuate lami, ingawa kila mtu hufuata lami. Shika njia ya duka la mbao. Utaona ukuta mrefu wa buluu, uache. Mbele kuna mbwa, si wangu, na hana neno, anabweka tu kwa sababu hapiti mtu. Nyumba yangu inafuata, ina geti la chuma."

"Sijasema naja lini," Kimya alisema.

"Siku yoyote. Saa yoyote." Alikuwa akiongea haraka sasa, akihofia asikatishwe. "Geti linakwama. Bawaba moja imeachia, ukilisukuma kwa mkono halifunguki, unaweza kudhani limefungwa ukaondoka. Usiondoke. Lisukume kwa bega, kwa nguvu. Mimi nipo ndani."